Mijusi wa Visiwani na Mtu Anayewapima

Wasomaji wa safu hii wamezoea kutukuta tukizungumza juu ya bei ya karafuu, uhaba wa maji au meli iliyochelewa kufika bandarini. Leo tunawaomba watuvumilie, kwani tunakusudia kuzungumza juu ya mjusi. Tunajua kwamba mtu akifika ofisini na barua mkononi, akaomba kibali cha kwenda katika kijisiwa kisichokaliwa na watu ili akapime miguu ya mijusi, jambo la kwanza litakalomjia ofisa anayeipokea barua hiyo ni kicheko. La pili ni shaka kwamba huyu hakika anatafuta kitu kingine. Makala haya tunamwandikia ofisa huyo, na pia mwananchi ambaye kijisiwa hicho anakiona kila siku anapokwenda baharini, naye hukihesabu kuwa ni mwamba na vichaka tu.

Mtu tunayetaka kumweleza ni Profesa Jonathan Losos, mtaalamu wa elimu ya mageuko ya viumbe, aliyezaliwa mwaka 1961 na kukulia St. Louis katika jimbo la Missouri, Marekani, mji ulio mbali na bahari kwa mamia ya maili. Utotoni alipenda wanyama wakubwa wa kale waliokwisha kutoweka duniani, kisha akafuga nyumbani kwao kaimani, ambaye ni jamaa ya mamba apatikanaye Marekani ya Kusini. Subira ya mama yake bila ya shaka ilikuwa kubwa. Alihitimu Chuo Kikuu cha Harvard mwaka 1984, akapata shahada ya udaktari katika Chuo Kikuu cha California huko Berkeley mwaka 1989, na tangu hapo umri wake wote ameutumia kuwafuata mijusi wa visiwa vya Bahari ya Karibi.

Kuna uzi unaomfunga mtu huyu na sisi, na ni vizuri tukaueleza mapema. Hapo Harvard pana jumba la makumbusho ya wanyama lenye hazina kubwa ya reptilia, yaani nyoka, kobe, mijusi na jamaa zao. Kuanzia mwaka 1924 hadi 1957 hazina hiyo ilikuwa chini ya mikono ya Arthur Loveridge, mzaliwa wa Wales, ambaye kabla ya hapo alikuwa mtunzaji wa makumbusho ya Nairobi na baadaye mtumishi wa idara ya wanyama wa Tanganyika. Loveridge alizunguka sana katika nchi zetu akikusanya nyoka, vyura na mijusi, na mwaka 1941 alichapisha maelezo ya mjusi wa kijani wa Pemba, akampa jina la kitaalamu la Phelsuma parkeri kwa kumheshimu mtaalamu mwenzake wa London. Alipostaafu Loveridge, mahali pake palichukuliwa na Ernest Williams, naye akayageuza macho ya jumba lile kuelekea Karibi. Losos alipokuwa mwanafunzi kijana alimkuta Williams, akaambukizwa mapenzi ya mijusi wa huko. Na mwaka 2006 yeye mwenyewe alirudi Harvard kuwa profesa na mtunzaji wa hazina ile ile. Hivyo aliyempa jina mjusi wa Pemba na huyu tunayemweleza leo wamezitunza rafu za jumba moja.

Kabla ya kuendelea, neno moja kwa wale waliopita chuoni kabla ya kuingia skuli, nasi tumo miongoni mwao. Neno mageuko huwafanya baadhi yetu wakunje uso, kwa kudhani kwamba aliyelitamka amekuja kugombana na dini. Hatukusudii kufungua mjadala huo hapa. Tunachokumbusha ni kwamba kumtazama kiumbe kwa makini ni kazi kongwe katika elimu tuliyoirithi: Al-Jahidh wa Basra, aliyefariki katika karne ya 3 ya Hijra, aliandika Kitabu cha Wanyama chenye juzuu nyingi, na mjusi alipewa nafasi yake humo. Ni kweli kwamba huku kwetu mjusi wa nyumbani tumempa jina la mjusi kafiri, na watoto wamefundishwa kumpiga kwa kiatu. Lakini hata anayempiga itabidi akubali kwamba hajapata kumtazama vidole.

Vidole hasa ndivyo mwanzo wa habari yetu. Mijusi aliowachagua Losos huitwa anoli. Ni wadogo, wengi wao hawazidi kiganja cha mkono, nao wana nyayo pana chini ya vidole, zenye vinyweleo vidogo visivyoonekana kwa macho, ambazo huwawezesha kunata juu ya majani na magogo laini kama anavyonata mjusi wetu ukutani. Chini ya koo dume ana ngozi ya rangi, nyekundu au manjano au mchanganyiko, ambayo huikunjua kama bendera anapomtisha mwenziwe au anapomtaka jike. Aina zao zinazojulikana ni takriban 400, na kisiwa cha Kuba peke yake kina zaidi ya 60.

Sasa msomaji atafakari jambo hili. Visiwa vikubwa vya Karibi ni vinne: Kuba, Jamaika, Puerto Rico, na Hispaniola ambacho Haiti na Jamhuri ya Dominika wanakigawana. Ukiingia katika msitu wa kimojawapo utakuta mjusi mkubwa wa kijani akaaye juu kabisa kwenye vilele vya miti. Chini yake, penye majani na sehemu ya juu ya shina, yuko mwingine wa kijani mwenye nyayo pana mno za vidole. Karibu na ardhi, akiwa amegeuza kichwa chini katika shina, yuko wa rangi ya udongo, mwenye kifua kipana na miguu mirefu, ambaye huruka chini kukamata mdudu na kurudi mbio. Kwenye vitawi vyembamba yuko mwembamba mwenye miguu mifupi, atambaaye polepole kama mwizi. Katika nyasi na vichaka yuko mwenye mkia mrefu kupita kiasi. Toka kisiwa hicho uende cha pili, na utawakuta karibu wote tena, kila mmoja katika daraja lake, kama watu wa mtaa mmoja waliohama pamoja na kupanga nyumba zile zile. Williams aliyaeleza makundi hayo kwa jina moja la kitaalamu mwaka 1972, akayahesabu kuwa sita. Jamaika ina manne tu kati ya hayo, na Puerto Rico ina matano.

Mtu yeyote angedhani kwamba mijusi wa vitawi wa Kuba na wa Jamaika ni ndugu, na kwamba zamani walivuka bahari juu ya magogo wakaenea. Losos na wenzake waliamua kutokuridhika na kudhani. Walichukua chembechembe za urithi za aina zaidi ya 50, wakazilinganisha, na mwaka 1998 wakatoa matokeo katika jarida la Science. Miongoni mwa waandishi wa makala hayo alikuwamo Lourdes Rodríguez Schettino wa Kuba, jambo ambalo sisi tunaona ni la kutajwa, kwani uhusiano baina ya serikali za Washington na Havana katika miaka hiyo unajulikana. Mijusi waliwakalisha watu mezani pale ambapo wanasiasa walishindwa. Matokeo yalikuwa kinyume cha dhana ile. Mjusi wa vitawi wa Jamaika hana udugu wa karibu na mjusi wa vitawi wa Kuba, bali udugu wake wa karibu ni kwa mijusi wengine wa Jamaika wasiofanana naye hata kidogo. Kila kisiwa kilianza na wageni wachache, na wageni wale katika kizazi baada ya kizazi wakagawana mti, huyu juu, huyu kati, huyu chini, mpaka maumbo yao yakafuata makazi yao. Jambo hilo hilo lilitokea katika kila kisiwa, pasipo kimoja kukiiga kingine. Wala si jambo la jana. Mwaka 2015 kundi la watafiti, Losos akiwamo, lilichunguza mijusi walionaswa ndani ya kaharabu ya Jamhuri ya Dominika, yenye umri wa takriban miaka milioni 15 hadi 20, likakuta kwamba mgawano huo wa mti ulikuwa umekwisha kuwapo.

Hapo wengi wangeweka kalamu chini na kupokea pongezi. Lakini mtu mwenye akili ya kesi za mahakamani angeuliza: mnajuaje kwamba ni makazi yaliyobadilisha miguu? Mmeona sura zinazolingana na mahali. Hamkuona mabadiliko yenyewe yakitokea. Swali hili lilimsumbua Losos tangu alipokuwa mwanafunzi wa udaktari. Siku zile aliwakimbiza mijusi wa Jamaika na Puerto Rico juu ya fimbo za unene mbalimbali, akipima mwendo wao, akathibitisha kwamba mwenye miguu mirefu hukimbia kwa kasi juu ya kitu kipana, lakini penye kitu chembamba hujikwaa na faida yake hupotea. Basi akawa na sababu mkononi. Kilichobaki kilikuwa kumshuhudia mjusi akibadilishwa na mahali, na kwa hilo zilihitajika nchi ndogo ndogo nyingi, zilizotengana, ambazo mtu anaweza kuzihesabu mijusi wote. Naam, vilihitajika vijisiwa.

Vijisiwa hivyo vipo Bahama, nchi iliyopata uhuru wake mwaka 1973. Ni vingi kupita kiasi, na vingine ni vidogo mno kuliko Chumbe yetu, mwamba wenye vichaka ambao mtu huumaliza kuuzunguka kwa muda mfupi tu. Mwaka 1977 mtaalamu Thomas Schoener na mkewe Amy walichukua mijusi wa kahawia wa kisiwa cha Staniel Cay, wakawaweka watano watano au kumi kumi katika vijisiwa vya jirani visivyokuwa na mijusi. Nia yao wakati ule ilikuwa kutazama vipi watakavyokufa na kutoweka. Mijusi wakakataa kufa. Wakazaana, wakajaza vijisiwa. Losos alipokwenda kufanya kazi pamoja na Schoener aliliona jaribio hili lililoshindwa kuwa ni hazina: jamaa wa ukoo mmoja wamepandwa katika mashamba tofauti, nao wameachwa kwa zaidi ya miaka 10.

Kazi ilikuwa ya kuwavua, na neno kuvua tunalitumia kwa maana yake. Chombo ni ufito wa kuvulia samaki, na mwisho wake kitanzi cha uzi. Mjusi humtazama mtu kwa mashaka lakini kitanzi hakijali, nacho huingizwa shingoni polepole na kuvutwa. Hupimwa kwa rula, hupigwa picha ya eksirei, hutiwa alama ya rangi chini ya ngozi ya mguu, kisha hurudishwa kwenye mti wake. Staniel Cay ina miti yenye mashina manene. Vijisiwa vina vichaka vya vitawi vyembamba. Losos alikuwa amekwisha kutabiri kwamba huko vijisiwani miguu itakuwa imefupika. Ikawa imefupika. Na zaidi ya hapo, kadiri uoto wa kijisiwa ulivyotofautiana na ule wa Staniel Cay, ndivyo mijusi wake walivyotofautiana na wazee wao. Habari hiyo ilitolewa katika jarida la Nature mwaka 1997.

Tunataka msomaji atambue yaliyofuata, maana hapo ndipo tulipoanza kumheshimu mtu huyu kuliko tunavyowaheshimu wataalamu wengi wapendao kutangaza. Losos mwenyewe na wanafunzi wake walishika silaha dhidi ya matokeo yao. Huenda, walisema, miguu haikubadilika kwa urithi bali kwa mazoezi tu, kama mpanda minazi anavyopata kifua. Wakawalea vitoto vya mijusi, wengine juu ya mbao pana, wengine juu ya vijiti vyembamba. Mwaka 2000 wakatangaza kwamba kweli waliolelewa juu ya mbao pana walitoka na miguu mirefu kidogo. Yaani sehemu ya ushahidi wao wenyewe iliingia shaka, nao waliisema kwa sauti ile ile waliyoitumia kusema ya kwanza. Tofauti zilizopatikana kwa malezi zilikuwa ndogo kuliko zile zilizopo baina ya aina na aina, lakini swali lilibaki wazi, na ilibidi lijibiwe kwa jaribio jingine.

Jaribio hilo lilikuwa la mwaka 2003, katika vijisiwa 12 karibu na Abaco, kaskazini ya Bahama. Katika sita kati ya hivyo walimwingiza mjusi mkubwa zaidi, mwenye mkia uliokunjika, alaye mijusi wadogo. Sita vingine viliachwa kama vilivyo ili viwe mizani. Tunajua kwamba baadhi ya wasomaji watauliza ni haki gani hiyo ya kumpeleka mla-watu katika kijiji cha watu. Swali ni la haki. Jibu ni kwamba mjusi huyo ni mwenyeji wa nchi hiyo hiyo, na huvifikia vijisiwa vya namna hiyo bila ya kupelekwa na mtu. Losos na wenzake walitabiri kwa maandishi mambo mawili yanayoonekana kupingana. Kwanza wangeokoka wenye miguu mirefu, kwa kuwa ndio wenye mbio. Kisha mijusi wadogo wangejifunza kupanda vichakani asikoweza kuwafuata adui, na huko kwenye vitawi vyembamba wangeokoka wenye miguu mifupi. Katika miezi sita ya mwanzo, mirefu ilishinda. Katika miezi sita iliyofuata, mifupi ikashinda. Mwaka mmoja, mijusi wale wale, upepo wa uteuzi umegeuka kama unavyogeuka kaskazi kuwa kusi.

Mnamo Septemba 2004 tufani Frances ikapita juu ya Abaco na kuvifagia vijisiwa vyote. Jaribio likaishia hapo. Haikuwa mara ya kwanza: tufani Lili ya Oktoba 1996 ilikuwa imewamaliza mijusi wa vijisiwa vilivyoelekea upande wa dhoruba kwingineko huko Bahama, na tufani Floyd ya Septemba 1999 ilivunja kazi yao nyingine hapo hapo Abaco. Kila mara watu hawa walirudi na daftari zao kuangalia kilichobaki. Baada ya Floyd waligundua kwamba palipokufa wazazi wote, mayai yaliyofukiwa ardhini yaliweza kustahimili kufunikwa na maji ya chumvi, na watoto wakatoka katika kijisiwa kisichokuwa na mkubwa hata mmoja. Na baada ya Frances walifanya jambo ambalo mtu mwenye moyo mdogo asingelifanya: mwaka 2005 walivichagua vijisiwa saba vilivyobaki vitupu, wakapeleka katika kila kimoja mume mmoja na mke mmoja. Adamu na Hawa saba. Kwa miaka minne wakawapima watoto na wajukuu. Miguu ikafupika katika vijisiwa vyote, kama ilivyotabiriwa. Lakini kijisiwa ambacho wazazi wake wa kwanza walikuwa na miguu mirefu kuliko wengine kiliendelea kuwa na mirefu kuliko wengine. Mahali palivuta upande wake, na nasaba ikavuta upande wake. Ripoti hiyo, iliyoongozwa na mwanafunzi wake wa zamani Jason Kolbe, ilitoka mwaka 2012.

Mvutano huo ndio kiini cha kitabu alichokitoa Losos mwaka 2017, ambamo anauliza kama viumbe vingekuja kuwa hivi vilivyo lau dunia ingeanzishwa upya. Stephen Jay Gould, aliyekuwa naye akifundisha Harvard, alishikilia katika kitabu chake cha mwaka 1989 kwamba kila mara pangetokea dunia nyingine kabisa. Mijusi wa visiwa vinne wanatoa ushahidi dhidi ya Gould. Lakini Losos hakuwaficha mashahidi wa upande wa pili. Kuba ina mijusi wakubwa wa kijivu waendao polepole kama kinyonga, ambao huvunja konokono kwa meno yao butu, nao hawana mfano wao Jamaika wala Puerto Rico wala Hispaniola. Kwa hiyo anasema: dunia hujirudia pale ambapo jamaa wanaokaribiana wanapewa tatizo moja, na haijirudii sana wanapokuwa wameachana mbali. Ama kuhusu binadamu, yeye haoni katika elimu yake sababu ya kusema kwamba ilikuwa lazima tuwepo. Hapo amefika ukingoni mwa chombo chake, na sisi hatumdai avuke. Tunayo majibu yetu tuliyoyapata kwingine.

Turudi kwenye tufani, kwani hilo linatugusa zaidi. Mwaka 2017 Colin Donihue, mtafiti kijana aliyekuwa akifanya kazi pamoja na Losos, alikwenda na wenzake katika visiwa viwili vidogo vya Turks na Caicos, kusini-mashariki ya Bahama. Sababu ya safari ilikuwa ya kawaida kabisa: palikuwa na mpango wa kuwaangamiza panya waliovamia visiwa hivyo, na wao walitakiwa wawapime mijusi kwanza. Siku chache baada ya kuondoka, tufani Irma ikapiga. Majuma mawili baadaye ikapiga Maria. Kundi lile likatambua kwamba limeshika mkononi kitu ambacho hakiwezi kununuliwa, nacho ni kipimo cha kabla. Katika muda wa majuma sita tangu safari ya kwanza walikuwa wamerudi, wakapima kwa njia ile ile. Mijusi waliobaki walikuwa na nyayo za vidole kubwa zaidi na miguu ya mbele mirefu zaidi, lakini mapaja ya nyuma mafupi zaidi. Hilo la mwisho liliwashangaza, mpaka walipomweka mjusi juu ya kijiti na kumpulizia upepo kwa mashine ya kufagilia majani: mjusi hushika kwa mikono, miguu ya nyuma hukamatwa na upepo, na kiwiliwili chote hugeuka tanga. Mwenye mapaja marefu ana tanga kubwa. Mabaharia wetu hawatahitaji maelezo zaidi. Matokeo yalichapishwa mwaka 2018, na mwaka 2020 yakafuata mengine yaliyoonyesha kwamba watoto waliozaliwa baadaye walirithi nyayo hizo pana, na kwamba katika jamii nzima ya anoli, wale wanaoishi penye tufani nyingi wana nyayo kubwa kuliko wenzao.

Huku kwetu upepo wa Aprili 1872 unasomwa skuli kwa sababu ya mikarafuu ya Unguja iliyong'oka. Mnamo Mei 2024 kimbunga Hidaya kilifika Mafia, na watu wa pwani waliofikiri kwamba vimbunga ni habari za Madagaska na Msumbiji walifikiri upya. Wala dhoruba si hatari peke yake. Katika visiwa vidogo vya Florida, mjusi wa kahawia wa Karibi alipoingia, mjusi wa kijani mwenyeji alikimbilia juu ya miti, na katika vizazi takriban 20 nyayo zake zikapanuka. Losos na wenzake walilieleza hilo mwaka 2014. Mwenyeji yule alipata nafasi ya kupanda juu. Sisi ambao tumeishi na kunguru wa Bara Hindi tangu mwishoni mwa karne ya 19 tunajua kwamba si kila mwenyeji hupata nafasi hiyo, na ambao waliwaondoa panya Chumbe mwaka 1997 wanajua gharama ya kumtoa mgeni akishazoea.

Ndiyo maana tunamgeukia tena ofisa tuliyeanza naye. Kijisiwa kinapoombwa kwa ajili ya hoteli, huwa yapo mafaili, ramani na vikao. Kinapoombwa kwa ajili ya mjusi, hakika nacho kinastahili faili. Tungependa kila kibali cha utafiti kitolewe kwa sharti kwamba nakala ya vipimo vyote ibaki hapa visiwani, kwa Kiswahili, mahali ambapo mwalimu wa skuli anaweza kuipata bila ya kupanda ndege. Tungependa pia kijisiwa chochote kisijengwe wala kufyekwa kabla ya wanafunzi wa sayansi, wakiwa na mwalimu wao, kukaa humo siku mbili tatu na kuandika walichokikuta, kingapi na cha ukubwa gani. Gharama zake ni ndogo. Ufito na uzi wavuvi wanavyo. Rula ipo katika kila mkoba wa mwanafunzi. Eksirei inaweza kusubiri.

Losos aliondoka Harvard na kurudi katika mji wake wa St. Louis mwaka 2018, mwaka ambao pia alichaguliwa kuwa mwanachama wa Chuo cha Taifa cha Sayansi cha Marekani. Makala ya Loveridge ya mwaka 1941, yale ya mjusi wa kijani wa Pemba, yalichapishwa Washington kwa Kiingereza, ni kurasa chache tu. Mjusi mwenyewe yuko katika migomba na minazi ya Pemba, na watoto wanamjua. Tunapendekeza kazi ianze kwake, na ianze kabla ya masika yajayo.